Mpangaji wa Mlango wa Nyuma

Iringa,
4 Machi 1956

Kwa Mama Yotamu, Hotelini, Mbalizi.

Mama, salamu nyingi. Sisi huku Iringa hatujambo, ila baridi imeanza mapema na magoti yangu yanalalamika.

Ujue kwamba Filemoni, aliyekuwa akinisimamia hiyo nyumba unayopanga, amerudi kwao na hatarudi tena kazini. Mahali pake nimempata mzee mmoja wa Ilomba, anaitwa Sedekia. Tulivunja naye mawe kwenye kambi ya barabara nilipokuwa kijana wa kujivuna, na mpaka leo sijaona mtu mwaminifu kama yeye. Wengine tuliondoka kambini na sururu, yeye hakuondoka hata na kijiko.

La pili ni kodi. Siku hizi malori yamejaa barabara ya Tunduma, na kila lori likisimama Mbalizi dereva anakula kwako. Wewe unauza zaidi na mimi napata kile kile cha zamani, jambo ambalo hata wewe ungekuwa mimi lisingekupa usingizi. Kwa hiyo kuanzia Julai kodi itapanda. Mzee Sedekia atakuja kukagua nyumba ndani na nje, jiko na stoo, kisha mtakaa naye meza moja mbele ya karani wa baraza mtie sahihi mkataba mpya. Bila mkataba huo siwezi kukuhesabu kuwa mpangaji wangu. Mpokee vizuri.

Wako,
Edmund Kalinga


Mbalizi,
15 Machi 1956

Bwana Kalinga,

Barua yako nimeipata kwa dereva wa basi. Nashukuru kwa salamu, nakupa pole ya magoti.

Kwanza nikushukuru, maana sijasahau. Mume wangu Anyitike alipokwenda migodini kusini na kuniacha na watoto wawili, wenye nyumba wote wa hapa walitaka kuzungumza na mwanamume. Wewe peke yako ulisema, “Kama anajua kupika, apewe ufunguo.” Watoto wangu wanasoma kwa sababu ya neno lako lile, na kila nikisali nalikumbuka.

Lakini kushukuru si kunyamaza. Unataka kodi ipande, na paa linavuja. Mvua ikija, wateja wangu wanahama na sahani zao kutoka meza hii kwenda ile. Jiko unalotaka likaguliwe nililijenga mimi mwenyewe kwa matofali niliyonunua. Uliponipa nyumba pale palikuwa na magugu na kuku wa jirani. Je, niongezewe kodi kwa jiko langu mwenyewe?

Na jambo la mwisho. Huyo uliyemtaja ni mtu mwema, sina neno baya juu yake hata moja. Lakini kukaa naye meza moja siwezi. Tuma mtu mwingine yeyote, au uje mwenyewe. Kodi ya mwezi huu nimeituma kwa posta kama kawaida.

Ni mimi,
Tusajigwe, Mama Yotamu


Ilomba,
3 Aprili 1956

Kwa Edmund.

Nimekwenda Mbalizi kama ulivyoagiza. Nilikohoa nikiwa bado barabarani. Nilipofika, mwenye hoteli hakuwepo. Yupo mwanamke anayemsaidia kukanda unga, Esta. Nilipewa chai na wali. Chai ilikuwa ya moto sana.

Paa nimelitazama kwa nje. Linavuja kweli. Bati za upande wa barabara zimeoza na misumari imelegea. Nyumba inatunzwa. Uwanja umefagiwa.

Jikoni sikuingia.

Sedekia


Iringa,
12 Aprili 1956

Mzee Sedekia,

Kamwene. Nimesoma taarifa yako mara mbili, mke wangu Juliana akaisoma ya tatu, na bado hatuielewi.

Kwa nini ukohoe barabarani? Mtu anakwenda kukagua nyumba halafu anatoa taarifa kwa kifua kwamba anakuja! Huyo mama alisikia, akatoka mlango wa nyuma, na wewe ukakaa kula wali wake. Nilikutuma ukague jiko, wewe umekagua sahani. Nilikutuma unitetee mimi, umerudi unatetea bati.

Na yeye ameniandikia kwamba hawezi kukaa na wewe meza moja. Nimeona aibu kwa ajili yako, mzee mwenye mvi kukataliwa na mwuza maandazi. Rudi tena. Usikohoe. Ingia mpaka jikoni, mshike kwa maneno, mwende kwa karani.

Wako,
Edmund


Ilomba,
30 Aprili 1956

Kwa Edmund.

Nimekwenda tena. Nimekohoa tena. Hakuwepo. Nilikaa barazani mpaka mvua ikakatika.

Madereva wanaoleta mpunga kutoka Rujewa walikuwepo. Nimewauliza habari za hoteli. Wanasema hapimi wali kwa ubahili, na dereva akiharibikiwa na gari anakula mkopo, hafukuzwi. Wanasema hapajawahi kutokea ulevi wala matusi. Mpangaji kama huyu usimwache.

Jikoni siingii. Usiniulize tena. Yeye hajanikosea heshima. Andika hilo mahali.

Sedekia


Iringa,
11 Mei 1956

Mama Yotamu,

Safari hii sina salamu ndefu.

Msimamizi wangu amekuja kwako mara mbili na mara mbili umemkimbia. Mtu mzima anayetoka mlango wa nyuma ana kitu anachoficha. Labda umepangisha stoo kwa mtu mwingine bila ruhusa yangu, labda unapika pombe, sijui. Ninachojua ni kwamba mzee niliyemtuma akiwa mkali kama msasa amerudi laini kabisa, anakusifia kama binti wa kanisa, na dawa yenyewe ni wali wako. Kumnunua mzee maskini kwa sahani ya chakula si jambo zuri, Mama.

Juliana anasema nisiandike kwa hasira. Ameniuliza, “Mtu gani anamkimbia mtu halafu anampikia?” Nimemwambia mtu huyo ni mpangaji mjanja.

Basi sikia. Kuna mfanyabiashara wa Rujewa, Kasian, anataka nyumba yote iwe ghala la mchele. Habishani na kodi mpya, wala paa halimsumbui, atalitengeneza mwenyewe. Kama mwisho wa Juni utafika na hujakaa na Mzee Sedekia mbele ya karani, hoteli itafungwa na Kasian ataingia.

Edmund Kalinga


Mbalizi,
22 Mei 1956

Bwana Kalinga,

Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama, maana niliogopa nikikaa sitainuka.

Stoo ina unga, sukari na magunia ya mkaa. Pombe sijapika hata siku moja. Mwulize karani, mwulize mchungaji, mwulize dereva yeyote. Lakini ni kweli, nilikimbia. Mara zote mbili nilitoka mlango wa nyuma nikakaa shambani mwa jirani na mvua ikaninyeshea mpaka Esta aliponiita. Nitakimbia na mara ya tatu. Sababu siwezi kuiandika, na ukinilazimisha utakuwa unanivua nguo mbele ya watu.

Chakula si hongo. Ungejua jinsi ninavyochambua mchele ule, punje kwa punje, usingeandika neno lile.

Nakubali kodi ipande, basi. Nakubali hata na paa hili hili linalovuja. Mwaka ule Yotamu alipougua na nikakosa kodi, ulisubiri bila kunigombeza, na mtoto akapona. Mimi ni mtu wa kushukuru, wala sitaki kugombana na aliyenitendea mema. Lakini nikiondolewa hapa, jiko langu siwezi kulibeba kichwani, na bila jiko sina ada ya shule. Nakuomba kitu kimoja tu: uniletee mtu mwingine wa kutia naye sahihi. Na tafadhali, usimlaumu mzee, wala usimwondoe kazini kwa ajili yangu. Anaihitaji kazi hiyo.

Tusajigwe


Iringa,
8 Juni 1956

Mzee Sedekia,

Yule mama amekiri kwa mkono wake kwamba anakukimbia na ataendelea kukukimbia. Sababu haisemi. Kisha ananipangia mimi mwenye nyumba nimtume nani na nani! Nikikubali leo, kesho wapangaji wangu wote wa hapa Iringa watachagua msimamizi kama wanavyochagua nyama buchani.

Nakutumia kufuli jipya kwa mkono wa dereva. Juni ikiisha, funga mlango wa mbele na wa nyuma, umkabidhi Kasian ufunguo. Vyombo vyake atoe mapema.

Wako,
Edmund


Ilomba,
19 Juni 1956

Kwa Edmund.

Kufuli lako ninalirudisha kwa dereva yule yule. Ni jipya, sijalifungua.

Kazi nimeiacha. Siumwi. Sina hasira na wewe. Tulilala hema moja kambini na ulinipa blanketi lako nilipokuwa na homa, kwa hiyo usifikiri nimesahau wema. Ila mlango ule mimi siufungi.

Sedekia


Iringa,
25 Juni 1956

Mama Yotamu,

Umeshinda kwa mzee, lakini kwangu hujashinda. Sedekia ameacha kazi kwa sababu yako. Mtu ambaye hana shamba la maana, anaishi kwa kazi ndogo kama hii, ameirudisha kazi na kufuli pamoja, na hataki kusema ulimfanya nini.

Sasa nafunga mwenyewe. Nitapanda basi wiki ya kwanza ya Julai na Kasian tutakutana hapo. Toa vyombo.

Edmund Kalinga


Mbalizi,
29 Juni 1956

Bwana Kalinga,

Barua hii anaileta dereva Joachim mwenyewe. Nimemwomba asilale njiani, na asipumzike mpaka akupe mkononi.

Ameacha kazi? Basi sina tena cha kulinda. Nitasema.

Mzee yule ni baba wa mume wangu.

Sisi Wanyakyusa, mke wa mtoto haonani na baba mkwe. Nikimwona kwa mbali najificha, na yeye akijua nipo anakohoa ili nipate nafasi ya kuondoka. Jina lake silitamki, ndiyo maana hujaliona katika barua zangu. Kukaa naye meza moja, uso kwa uso, tukishika kalamu moja! Ni afadhali unifukuze. Kanisani wametuambia tuyaache mambo hayo, na wapo walioacha. Mimi sijaacha. Siogopi kulogwa, wala sikukosa masomo. Ni heshima yangu kwake, na yeye ni heshima yake kwangu, na hatuna namna nyingine ya kupeana. Tangu niolewe sijauona uso wake. Najua tu kikohozi chake, na najua kwamba anapenda wali ulioiva sana kwa sababu meno yamekwisha. Mume wangu aliniambia.

Jina lake lilipokuja katika barua yako ya kwanza niliifunika kwa sahani. Nilifikiri nikikwambia utasema mzee na mkwewe wamekula njama juu ya nyumba yako, naye atakosa kazi. Nikanyamaza ili abaki. Kumbe yeye naye amenyamaza ili mimi nibaki. Hakukwambia, sivyo? Angesema neno moja tu ungemwelewa, na hakulisema, kwa sababu angekuwa ananitaja.

Nimeanza kufunga vyombo. Jiko naliacha. Yeye mrudishie kazi, nakuomba kwa jina la Mungu.

Tusajigwe


Iringa,
1 Julai 1956

Mama Yotamu, binti yangu,

Fungua vyombo.

Joachim amenikuta nikinywa uji. Nimesoma barua yako, nikampa Juliana, akaisoma, akanitazama kwa namna ambayo wewe ukiwa mke wa mtu unaifahamu. Kisha akasema, “Nilikuuliza.” Amelisema tena mchana, na sidhani ataliacha kabla ya Krismasi.

Nina aibu, na naisema wazi. Nilidhani ninajua watu kwa sababu nimesafiri. Sisi Wahehe tunaogopa upande wa pili: mimi nilikuwa na mama mkwe. Siku moja natoka Tosamaganga kwa baiskeli mpya, nikamwona anakuja na mzigo wa kuni. Nikajitupa mtaroni, mimi na baiskeli na mayai niliyokuwa nimebeba. Yeye akapita, akijifanya haoni mwanamume mzima amelala kwenye maji. Jioni akatuletea kuku, bila neno. Na mimi niliyefanya hivyo ndiye niliyekuandikia wewe kwamba mtu anayekimbia ana kitu anachoficha! Neno la hongo nalifuta. Laiti karatasi ingekubali kufutika huko iliko.

Nakuja kama nilivyosema, lakini bila kufuli. Kasian nimemwandikia atafute ghala kwingine. Mzee nimempelekea ujumbe: kazi ni yake, akitaka kukohoa akohoe mpaka Tunduma.

Asante kwa kuniambia. Ningefunga mlango ule, ningeishi na jambo hilo mpaka kaburini bila kujua.

Wako,
Edmund Kalinga


Iringa,
16 Julai 1956

Mama Yotamu,

Nimefika salama. Basi liliharibika kidogo tu, na nilikuwa na maandazi yako, kwa hiyo nilikuwa tajiri wa basi zima.

Mkataba nimeuweka sandukuni. Kodi haipandi mpaka bati jipya liwe juu, na bati ni juu yangu. Jiko limeandikwa kuwa ni mali yako. Ukihama nitalinunua kwako au utalibomoa. Karani yule ataisimulia siku hiyo mpaka atakapostaafu: wewe jikoni, mzee barazani kama msimamizi wangu, ukuta katikati, na mimi mwenye magoti mabovu nazunguka nyumba na karatasi mkononi, sahihi moja huku, ya pili kule. Aliniuliza kwa nini tusikae wote ndani. Nikamwambia, “Wewe andika tu.”

Nakushukuru kwa kuniruhusu niwe mguu wenu. Nimejenga nyumba nne, na sikujua kuta zake zinaweza kufanya kazi hiyo.

Ila kuna jambo linanisumbua. Tulipomaliza, mzee aligeuka, akauelekea ukuta wa jiko, akasema maneno kwa Kinyakyusa. Hakusema mengi. Kisha nikasikia kitu kimeanguka kwako jikoni, na ulipotoka baadaye, mzee akiwa ametangulia barabarani, macho yako yalikuwa mekundu na ukasema ni moshi. Njiani nilimwuliza amesema nini. Akasema baridi imezidi. Mimi Kinyakyusa sijui, lakini baridi haisemwi kwa sauti ile. Kama alikuumiza, au kama hakuupenda mkataba, niambie nirekebishe.

Juliana anakusalimu.

Edmund Kalinga


Mbalizi,
27 Julai 1956

Baba Kalinga,

Sasa nakuita hivyo, usikatae.

Mafundi wameanza paa. Wanakula hapa, nami nimewaambia wakigonga msumari vibaya watakunywa chai bila sukari. Esta anakushukuru, watoto wanakushukuru, na mimi sijui nianzie wapi, kwa hiyo nasema kwa lugha yangu: ndaga fijo. Ulikuwa na haki ya kufunga. Uliamua kupanda basi na kuzunguka nyumba ya watu kwa magoti yale. Sina cha kukulipa kwa hilo, na sitajaribu.

Ulichoniuliza nitakujibu, kwa sababu ulikuwepo ukasikia. Kilichoanguka ni mwiko. Moshi haukuwepo, jiko lilikuwa limezimwa.

Kwangu mimi hawezi kusema, unajua. Alisema na ukuta. Aliuambia hivi: “Nyumba, sikia. Aliye ndani yako ni mwanangu. Siku akikosa kodi, asiguswe. Waje Ilomba, wachukue ng'ombe wangu, na wakiisha wachukue mlango wangu.”

Ana ng'ombe wawili, Baba. Mlango wenyewe ni wa mabanzi. Na katika miaka yote tangu niingie katika ukoo wake hajapata kunitaja kwa mtu yeyote, na asingeweza, na mimi nilikuwa nimekubali kwamba nitakufa bila kusikia ananiita nini.

Kwa hiyo kodi yako usiwe na wasiwasi nayo. Hata mvua ikifunga barabara na lori lisipite, nitauza vikombe, nitalima vibarua, nitalipa. Hakuna mtu atakayekwenda Ilomba kugonga mlango ule.

Ni mimi,
Tusajigwe